Binti niliyempiga picha ananiomba nimwondoe kwenye filamu

Shangazi mpendwa,

Pokea salamu zangu kutoka Kireka, nje kidogo ya Kampala, ambako nimekaa na barua hii wiki tatu nikiiandika na kuifuta. Mimi ni mwanamke wa miaka 36, mzaliwa wa Busia, upande wa Uganda, na kazi yangu ni kupiga picha za filamu. Kinachonilisha ni harusi na kwanjula, yaani sherehe za Waganda za kutambulishana kabla ya ndoa, ambako hulipwa shilingi 400,000 kwa siku na kurudi nyumbani magoti yakiniuma. Lakini kazi ninayoihesabu kuwa yangu hasa ni filamu za makala kuhusu watu ambao kamera huwafikia siku ya msiba tu, kisha haiwarudii tena.

Mwaka 2019 nilianza kuwafuata wanawake watano wanaochenjua dhahabu katika machimbo madogo ya wilaya yetu ya Busia. Walinikubali kwa sababu nazungumza nao Kiswahili na Kisamia, na kwa sababu marehemu mama yangu aliwahi kuuza samaki wa kukaanga sokoni pamoja na mmoja wao. Nilikwenda kila nilipopata nauli. Machi 2020 shule zikafungwa kwa sababu ya korona, na kama unavyokumbuka, madarasa mengi hayakufunguliwa kikamilifu hadi Januari 2022. Watoto waliokuwa wakija machimboni Jumamosi wakaanza kuja kila siku, na mmoja wao alikuwa binti wa mmoja wa wanawake wangu watano. Alikuwa na miaka kumi na moja.

Niruhusu nikueleze picha yenyewe, kwa sababu ndiyo kiini cha yote. Ilikuwa asubuhi moja ya mwaka 2021, jua likiwa bado chini. Mtoto amechuchumaa mbele ya karai la plastiki la bluu. Mama yake anamimina zebaki kutoka kwenye kizibo cha chupa ya soda mpaka kwenye kiganja cha mtoto, naye mtoto anaiingiza topeni na kulisugua tope kwa vidole, polepole, kama anayekanda unga. Zebaki ikishakamata dhahabu, anakusanya kilichoshikamana, anakikamua ndani ya kipande cha leso, na ile iliyobaki inachuruzika kiganjani ikiwa tone moja linalong'aa na kubingirika. Anacheka. Anainua uso, ananitazama moja kwa moja kupitia lenzi, na kuniuliza, "Shangazi, umeiona?" Ni sekunde 42 bila kukata. Katika miaka yangu ya kazi hii sijawahi kupiga picha kama ile, na sidhani kama nitapiga nyingine.

Mama yake alitia dole gumba kwenye fomu ya ridhaa. Fomu ilikuwa ya Kiingereza, nami nikamfasiria. Shule zilipofunguliwa nilimlipia binti karo ya muhula mmoja, kisha wa pili, na tangu hapo sijaacha. Sikumwambia mtayarishaji, kwa kuwa wengi katika kazi yetu husema kwamba hupaswi kumlipa mtu unayempiga picha. Leo binti yuko shule ya bweni, kidato cha pili.

Mtayarishaji wa filamu yuko Ulaya. Yeye ndiye aliyetafuta fedha, na mkataba wangu unampa neno la mwisho. Miezi miwili iliyopita aliweka trela mtandaoni, na picha inayoifungua ni ile. Wasichana wenzake wakaiona kwenye simu ya mwanafunzi wa kutwa, na sasa jina lake bwenini ni "Zebaki". Alinipigia kwa simu ya matroni. Akasema, "Shangazi, niondoe." Nikamuuliza kama ni kwenye trela au kwenye filamu nzima. Akasema tena, "Niondoe," muda wa maongezi ukaisha, simu ikakatika.

Mama yake hataki aondolewe. Anasema filamu ikifika mbali watu watawaona na kuwasaidia, na kwamba mtoto hajui shida. Wale wanawake wengine wanne wanaisubiri filamu kwa hamu. Wawili kati yao mikono imeanza kutetemeka, na wanataka watu wajue. Mtayarishaji ameiondoa trela kwa muda, lakini anasisitiza kwamba picha ile ndiyo iliyowashawishi waliotoa fedha, na anachoweza kukubali ni kuutia uso ukungu. Binti anajibu kwamba ukungu haumsaidii kitu, kwa kuwa shule nzima inajua ni yeye. Mtayarishaji huyohuyo amenipa nafasi ya kuwa mpiga picha mkuu wa filamu yake ijayo, itakayopigwa miongoni mwa wakimbizi wa Nakivale, kwa mkataba wa mwaka mzima. Hajasema kwamba nafasi hiyo inategemea hili. Hana haja ya kusema.

Jambo la mwisho ndilo linaloninyima usingizi. Diski ya kompyuta yenye picha za asili iko chini ya kitanda changu. Alicho nacho mtayarishaji ni nakala hafifu ya kuhariria. Mwezi ujao natakiwa kuipeleka ili filamu irekebishwe rangi na kukamilishwa. Nikisema imekufa, nani atajua? Usiku mwingine naitoa, naishika, nairudisha.

Je, nimsikilize mtoto nikaua kazi ya miaka mingi ya wanawake watano pamoja na yangu, au nishike mkataba na ridhaa ya mzazi? Na mtu aliyefika mahali hapa, bado anastahili kushika kamera?

Mshika Kamera, Kampala

SHANGAZI ANAJIBU

Mwanangu Mshika Kamera,

Ssenga wa zamani, yaani shangazi wa Kiganda anayemfunda binti, aliitwa nyumbani kwa binti anayekaribia kuolewa, akafunga mlango, akasema yake. Hakuna aliyenifunza cha kusema kuhusu diski iliyo chini ya kitanda. Hata hivyo nimeisoma barua yako mara tatu, na kila mara nimesimama mahali pamoja: pale mtoto anapoinua uso na kuuliza, "Shangazi, umeiona?" Miaka imepita, amepiga simu, na neno lake la kwanza ni lilelile. Nadhani mzigo wako wote uko kati ya hizo "shangazi" mbili.

Nikirudia ulichoniambia kwa maneno yangu, nawe unisahihishe nikikosea, naona hivi. Umepiga picha ambayo unaamini ni bora kuliko zote ulizowahi kupiga. Imekubaliwa na mama, inatakiwa na mwenye fedha, inasubiriwa na wanawake wanne ambao miili yao imeanza kulipa gharama, na inaweza kukutoa kwenye kwanjula za wikendi. Anayeikataa ni mmoja tu, naye ndiye aliye ndani yake. Kisha ukanipa njia mbili, kumtii mtoto au kushika mkataba, na ya tatu ukaificha chini ya kitanda. Kabla sijagusa hata moja, kuna mambo machache uliyoyachukua kuwa yamethibitika, ambayo mimi ningependa tuyatazame tena.

La kwanza ni ridhaa. Unaizungumzia kama kitu kilichokwisha: dole gumba, karatasi, basi. Ni kweli kwamba Sheria ya Kulinda Data na Faragha ya mwaka 2019 inataka ridhaa ya mzazi au mlezi kabla ya kukusanya habari za mtoto, na wewe uliitafuta. Lakini mama aliweka dole lake kwenye lugha asiyoisoma, akitegemea tafsiri ya mtu aliyemwona kama mtoto wa rafiki wa soko. Miezi michache baadaye mtu huyohuyo akaanza kulipa karo. Sikulaumu kwa karo, mwanangu. Aliyekaa na familia miaka hiyo yote akashindwa kufungua pochi mtoto anaporudi shule, huyo ningemwogopa zaidi. Ila tangu siku ile, mama anapokwambia "iacheni picha", wewe huwezi tena kujua ni nani anayesema: mzazi aliyefikiri, au mtu asiyetaka kumuudhi anayelipa ada. Na binti alipochukua simu ya matroni, alikuwa akimwambia hapana mtu anayemweka shuleni. Fikiria ilimgharimu nini kulitamka neno lile, tena mara mbili.

La pili ni huyo mama. Katika maelezo yako ya picha kuna mikono ya watu wawili, nawe umenieleza mkono mmoja tu kwa kirefu. Mwingine ndio unaomimina. Sheria yetu ya Watoto inakataza kumshughulisha mtoto katika kazi inayodhuru afya au elimu yake. Sitaki kukutisha, na sijui kama kuna afisa atakayefunga safari hadi machimboni kwa sababu ya filamu. Lakini mtazamaji aliyekaa kwenye kiti laini, asiyejua kwamba shule zilifungwa karibu miaka miwili, asiyejua bei ya unga Busia, ataona mama akimimina sumu kwenye kiganja cha mwanawe. Je, mama ameiona picha hiyo kwa jicho la mtu huyo? Anapokwambia watu wataona na kusaidia, anasema kweli kwa upande wa matumaini yake. Upande wa aibu huenda hajaonyeshwa.

Hapo nakuuliza jambo ambalo ningetaka lije kabla ya mkataba wowote: wameiona filamu? Mwaka 2012 filamu fupi kuhusu Joseph Kony, kiongozi wa waasi wa kaskazini mwa Uganda, ilitazamwa na mamilioni ya watu ng'ambo kabla walionusurika vita hawajaiona. Ilipoonyeshwa Lira mwezi Machi mwaka huohuo, mbele ya watu waliopoteza ndugu na viungo, wengi walikasirika, mawe yakarushwa. Waliotengeneza bila shaka walidhani wanawatetea. Wanawake wako watano na binti huyu wanastahili kuketi pamoja, hata kwa kompyuta ndogo na spika ya kuazima, waitazame kazi ikiwa bado inaweza kubadilishwa. Huenda wale wanne wanaoisubiri kwa hamu wakasema, baada ya kumwona mtoto wa mwenzao akilia, jambo ambalo wewe na mtayarishaji hamkulitarajia. Huenda pia wakamgeuka, wakamwona msichana anayewazibia njia. Hatari hiyo ipo, na ndiyo sababu ni vizuri yeye apate nafasi ya kuiona peke yake kwanza, pamoja nawe.

La tatu ni imani yako kwamba bila sekunde 42 hizo filamu imekufa. Mimi si mhariri, lakini najua kidogo kuhusu zebaki, kwa sababu niliuliza. Mkono ndio unaomshtua mtazamaji, ila ngozi si njia kuu ambayo sumu hiyo humwingilia mchenjuaji. Madhara makubwa zaidi huja dakika chache baadaye, wakati donge la dhahabu na zebaki linapowekwa juu ya sigiri lichomwe, zebaki igeuke mvuke, na waliolizunguka wavute pumzi. Mvuke huo hauna rangi wala harufu. Ndio unaokwenda kwenye neva na figo, na huenda ndio uliowapa wale wanawake wawili mtetemeko wa mikono. Maana yake ni kwamba picha yako bora inaonyesha kile kinachopendeza kamera, na chenye madhara zaidi kiko nje ya fremu kwa sababu hakipigiki. Sisemi picha ni ya uongo. Nauliza tu kama aliyeshika kamera miaka sita hana kanda za sigiri ile, za jioni ile, za mama anayejaribu kutia sukari kwenye chai na kijiko kinagonga kikombe. Labda ulizirekodi na ukaacha kuzitazama siku ulipoipata ile nyingine.

Sasa nikupe visa viwili vya wenzako wa kazi, kwa sababu najua unajiuliza kama picha isiyo na uso humgusa mtu yeyote.

Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi, alipiga picha za njaa huko Korem, Ethiopia, mwaka 1984. Zilipotangazwa na BBC mwezi Oktoba zilizunguka ulimwengu, michango ikamiminika, na Julai mwaka uliofuata yakafanyika yale matamasha makubwa ya London na Philadelphia. Zilikuwa zimejaa nyuso za watoto. Sijui mtu mwenye akili timamu anayesema ingekuwa heri Amin asingeinua kamera, na anayekulaumu wewe kwa kuinua yako ningemjibu hivyo. Ila watoto wa Korem hawakuwa na bweni lenye simu. Picha zilikwenda London zikakaa huko. Picha yako ilikwenda Ulaya ikarudi mpaka kitandani kwa mtoto, na mapato yake ya kwanza yakawa jina la utani.

Kisa cha pili kinahusu zebaki, japo ya aina nyingine. Huko Minamata, Japani, kiwanda kilimwaga maji machafu yenye zebaki baharini, samaki wakaila, watu wakala samaki; ugonjwa ulitambuliwa rasmi mwaka 1956, na jina la mji huo ndilo lililopewa mkataba wa kimataifa wa zebaki ulioanza kutumika mwaka 2017. Desemba 1971 mpiga picha Mmarekani W. Eugene Smith alimpiga picha mama akimwogesha binti yake, aliyezaliwa na sumu hiyo mwilini. Wazazi waliridhia. Picha ikachapishwa mwaka 1972 na kufanya kile ambacho wewe unaota picha yako ifanye. Binti alifariki mwaka 1977, na wazazi wakaendelea kumwona akioga mbele ya walimwengu mwaka baada ya mwaka, hadi walipoomba aachwe apumzike. Mwaka 1998 Aileen Mioko Smith, aliyekuwa mke wa mpiga picha na mwenye haki za picha ile, aliwaachia wazazi uamuzi, na akaacha kuruhusu ichapishwe. Hata hivyo bado inaonekana huku na kule, kwa sababu picha ikishatoka haikusanywi kama kuku jioni. Jina la binti yule silitaji makusudi.

Sikukuletea kisa hicho kama hukumu. Wapo wanaosema Aileen Smith alifanya lililo sawa, na wapo wanaosema picha ile haikuwa tena mali ya familia bali ya wote waliotiwa sumu. Kinachonigusa ni kwamba waliotaka ikomee hapo walikuwa walewale walioikubali. Watu hubadilika, na wana haki ya kubadilika. Binti yako alikuwa na miaka kumi na moja akichezea tone linalong'aa. Sasa ana kumi na tano, na anajua lile tone ni nini.

Tuzipitie njia ulizo nazo, na mimi nitakwambia ninachokiogopa katika kila moja.

Ukungu usoni wewe mwenyewe umeshaujibu. Kwa mtazamaji wa mbali unatosha, na kwa wanaomwita Zebaki ni kazi bure; tena nimeona mara nyingi kwamba uso uliotiwa ukungu humfanya mtu aonekane mshtakiwa.

Kuiondoa picha kabisa ndiko kunakoelekea kumheshimu. Hatari yake ni kwamba mtayarishaji anaweza kukataa, na mkataba uko upande wake. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2006 inasema kazi iliyoagizwa ni ya aliyeagiza, isipokuwa kama mlikubaliana vinginevyo. Tafuta wakili ausome mkataba neno kwa neno kabla hujaandika barua pepe ya hasira. Na kwa upande wa mtoto, FIDA, chama cha wanasheria wanawake, kina uzoefu wa miaka mingi wa kuwasikiliza akina mama na watoto. Usidhani pia kwamba mtayarishaji ni ukuta. Ameshaondoa trela bila kulazimishwa. Wanaotoa fedha kwa filamu za makala siku hizi huuliza kuhusu usalama wa wanaopigwa picha, naye anajua. Filamu inayodai kuwatetea watoto ikigundulika kwamba ilimkataa mtoto aliyeomba kutoka, si jambo dogo kwake. Umeshamwandikia kwa urefu kama ulivyoniandikia mimi? Umemweleza kuhusu karo? Najua unaogopa atakuona umevunja miiko. Lakini mtu anayefanya uamuzi bila kujua habari hiyo anafanya uamuzi juu ya mambo nusu, na akija kuijua kwa njia nyingine, atakuwa na sababu ya kutokuamini hata pale unaposema kweli.

Kusubiri mpaka binti atimize miaka 18, aamue kama mtu mzima, kunasikika kuwa haki kwa kila mtu. Ni miaka mitatu. Waliotetemeka mikono wanaweza wasiwe na miaka mitatu ya kusubiri, na waliotoa fedha pia huchoka. Pengine kuna njia ya katikati: filamu itoke bila picha ile, nayo ihifadhiwe kwa maandishi kwamba haitatumika hadi yeye mwenyewe aseme. Hiyo nayo ina mwiba, kwani inamwachia mtoto mzigo wa kungojewa.

Na sasa diski. Naelewa kwa nini unaishika usiku. Ni kitu pekee katika habari hii yote ambacho mkataba haujakuondolea mkononi. Lakini tufikiri pamoja nini kitatokea ukisema imekufa. Wewe unajua kuliko mimi kwamba filamu za makala hutumia picha hafifu kila siku, na mtazamaji husamehe. Mtayarishaji aliyeipenda sana picha ile anaweza kuitoa kwenye nakala yake ya kuhariria na kuitumia hivyohivyo, na hapo utakuwa umepoteza rangi ya filamu nzima, umepoteza kanda za wanawake wote watano, na mtoto bado yumo. Hata ikifanikiwa, binti hatajua kamwe kwamba alisikilizwa. Atajua tu kwamba mashine iliharibika. Isitoshe, kama hiyo diski ndiyo nakala pekee, nakuomba kama shangazi yako, itengenezee nakala nyingine wiki hii, iweke nyumba tofauti. Diski hazisubiri uamuzi wetu zife.

Kuhusu Nakivale, sina la kukwambia zaidi ya unaloliona. Nafasi ya mwaka mzima si kitu cha kudharau, hasa kwa mwanamke anayebeba kamera harusini kwa shilingi 400,000. Ila jiulize utasema nini utakapoketi mbele ya mama Mkongo, kwa Kiswahili kama ulivyoketi Busia, naye akakuuliza, "Nikibadili mawazo je?" Swali hilo litakuja. Jibu lako litategemea kilichotokea kwa binti huyu, uwe umemwambia mtu au hukumwambia.

Unauliza kama bado unastahili kazi hii. Swali hilo nalikwepa, kwa sababu naona umelitumia kujiadhibu, na anayejiadhibu mara nyingi huacha kumtazama aliyeumia. Nikuonyeshe mfano. Barua yako imejaa uso wa mtoto huyu: picha yake, ukungu wake, jina lake bwenini. Mikono yake imetajwa asubuhi ile tu, kisha haikurudi tena. Alikaa machimboni muda gani? Alivuta mvuke mara ngapi? Kuna aliyempeleka kwa daktari? Kipimo cha mkojo kinaweza kuonyesha kama zebaki bado imo mwilini kwa wingi. Hata kama kwake muda umepita, daktari anayeelezwa historia hiyo atajua nini cha kuangalia, na mama yake na wenzake, ambao bado wako kwenye sigiri, wanakihitaji zaidi. Hilo halihitaji ruhusa ya mtayarishaji.

Halafu lile neno, "Niondoe." Ulimuuliza kama ni trela au filamu, swali la mtu wa kazi yako, na muda wa maongezi ukaisha kabla hajajibu. Mimi sina hakika kwamba alikuwa akizungumzia filamu peke yake. Anaweza kuwa anataka kuondolewa kwenye jina lile, na hilo ni suala la matroni na mwalimu mlezi wa wasichana, ambao wanaweza kulishughulikia kesho bila kungoja Ulaya. Anaweza kuwa anataka kuondolewa shule ile. Anaweza kuwa anataka kuondolewa kwenye deni la kukaa akilipiwa na mtu aliye na picha yake. Kama ni hilo la mwisho, ni vizuri asikie kutoka kinywani mwako, mapema, kwamba karo itaendelea kulipwa vyovyote atakavyosema.

Siku ya kutembelea wanafunzi haiko mbali. Panda basi la Busia, pitia kwa mama yake, mwende wote wawili au uende peke yako, utakavyoona. Beba chapati na sabuni kama shangazi wengine. Kamera iache Kireka. Mkishakula, muulize alitaka kusema nini kabla simu haijakatika, kisha uniandikie.

Wako,
Shangazi